Omba Awamu Kabla Dalali Hajabisha Hodi

Watu wengi wanaoshtakiwa na benki huiogopa mahakama kuliko deni lenyewe. Barua za benki walizisoma, simu wakazipokea kwa muda kisha wakaacha kuzipokea, na hati ya wito ilipofika ikatiwa kwenye droo pamoja na bili za stima. Hofu hiyo naielewa. Lakini ndiyo inayowapokonya watu magari, mashine na vyombo vya nyumbani, kwa sababu mahakama wanayoikimbia ndiyo yenye mamlaka ya kuwapa muda wa kulipa kidogo kidogo. Sheria ya Kenya inairuhusu waziwazi. Ila muda huo hupewa mtu aliyefika mapema, akaeleza mapato yake bila kuficha, na akaja na chochote mkononi. Anayejificha hapewi, hata awe na shida inayoliza.

Naandika haya kwa sababu tatizo si la wachache. Kufikia mwisho wa 2024, Benki Kuu ya Kenya ilikuwa ikiripoti kwamba zaidi ya shilingi 16 katika kila shilingi 100 zilizokopeshwa na benki zilikuwa kwenye mikopo isiyolipwa ipasavyo. Nyuma ya hesabu hiyo kuna walimu, wenye maduka ya vifaa vya ujenzi, wenye matatu, wakulima waliokopa wakingoja malipo ya majani chai, na wakandarasi wanaoidai serikali ya kaunti iliyokaa na pesa zao. Wengi wao si wakora. Mapato yalikatika, deni likabaki.

Kanuni yenyewe ni fupi. Imo katika Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010, Agizo la 21, kanuni ya 12. Inasema kwamba mahakama inapotoa hukumu ya kulipa pesa, inaweza, kwa sababu ya kutosha, kuamuru malipo yaahirishwe au yalipwe kwa awamu, pamoja na riba au bila riba. Huo ni mlango wa kwanza, nao hufunguka siku ya hukumu. Mlango wa pili hufunguka baadaye: hukumu ikishatolewa, mdaiwa anaweza kurudi na ombi la awamu, na mahakama inaweza kulikubali benki ikiridhia, au hata benki isiporidhia, mradi sababu ya kutosha imeonyeshwa.

Usilipite hilo neno la benki kutoridhia. Wakili wa benki akikuambia kwenye simu kwamba mteja wake hataki awamu, hajamaliza mazungumzo. Hakimu au jaji ndiye wa mwisho. Lakini usilione pia kama haki inayokungoja kaunta. Ni hiari ya mahakama, na mahakama huanza na msimamo kwamba aliyeshinda kesi anastahili kulipwa pesa zake sasa. Kazi ya kuigeuza fikra hiyo ni yako.

Kwa hiyo tuanze na hati ya wito. Ukiipokea, soma tarehe. Hati inataja siku ulizopewa za kujitokeza, yaani kuwasilisha karatasi inayosema umeipata kesi na utaijibu, kisha una siku 14 za kuweka utetezi. Ukikaa kimya, benki inaomba hukumu bila wewe kusikilizwa, na inaipata. Baada ya hapo unaweza kuomba hukumu hiyo itenguliwe, lakini umeanza safari kwa kujieleza kwa nini hukuja, badala ya kueleza utalipaje.

Kama deni unalikubali, usiweke utetezi wa kubuni ili kununua muda. Najua ushauri huo hutolewa sana, hata na mawakili: kana kila kitu, kesi itachukua miaka miwili. Itachukua, na riba itachukua miaka miwili pia, na gharama za wakili wa benki zitabebeshwa wewe mwishoni. Na siku utakapoomba awamu, utetezi ule wa uongo utakuwa bado kwenye faili, na hakimu atauona. Afadhali ukubali kiasi unachokijua, ubishe kile usichokubaliana nacho, na palepale uombe kulipa kwa awamu.

Ila kabla ya kukubali kiasi, kihakikishe. Hapa watu hupoteza pesa nyingi kimyakimya. Iombe benki taarifa kamili ya akaunti ya mkopo tangu siku ya kwanza, ukae nayo mezani pamoja na barua ya mkopo uliyotia saini. Linganisha riba iliyotozwa na ile mliyokubaliana. Kisha fahamu kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu Mei 2007. Kinasema mkopo ukishaacha kulipwa ipasavyo, benki haiwezi kudai zaidi ya deni la msingi lililokuwapo siku hiyo, riba isiyozidi kiasi hichohicho, na gharama za kulifuatilia deni. Kwa ufupi, riba haiwezi kulizidi deni la msingi lililokutwa siku mkopo ulipoanguka. Kama ulikuwa umebakiwa na 300,000 na leo unadaiwa 850,000, kuna swali la kuuliza hata baada ya kuhesabu gharama. Liulize mwanzoni. Ukishasaini makubaliano na yakaingizwa kama amri ya mahakama, kuyafungua tena ni kazi ngumu, kwani mahakama huyatengua kwa sababu kama udanganyifu au makosa makubwa tu. Kusema hukuelewa hesabu hakutoshi.

Sasa tuje kwenye hiyo sababu ya kutosha. Mahakama zetu bado zinanukuu uamuzi wa mwaka 1959, kesi ya Keshavji Jethabhai na Ndugu dhidi ya Saleh Abdulla, na mantiki yake haijachuja. Shida peke yake haitoshi. Kila mdaiwa ana shida, na mara nyingine anayedai ana shida pia. Mahakama inatazama deni lilipatikanaje, mdaiwa amejiendesha vipi tangu lilipoanza kudaiwa, ana hali gani ya fedha, na zaidi ya yote, anaonyesha nia njema kwa kulipa sehemu ya maana ya deni mara moja.

Jambo la mwisho ndilo linaloamua. Mara nyingi, tofauti kati ya ombi lililokubaliwa na lililotupwa ni malipo ya kwanza, hasa yaliyofanywa kabla ya siku ya kusikilizwa. Kama una ng'ombe wa kuuza, muuze sasa kwa bei yako, usimngoje dalali amuuze kwa bei yake. Kama kuna gari la pili, kiwanja ambacho hukijengi, au hisa kwenye Sacco zisizoshikilia mkopo mwingine, hapo ndipo pesa ya kwanza inapotoka. Hakimu anayeona umeuza kitu chako mwenyewe ili upunguze deni anakuona tofauti kabisa na anayesikia ahadi.

Kwenye siku za wadaiwa kujieleza, mazungumzo huwa mafupi kuliko watu wanavyotarajia. Mdaiwa mmoja anasimama, anafunga vifungo vya koti, anasema, "Mheshimiwa, biashara imekuwa mbaya. Nitalipa nikipata."

"Utapata lini?"

"Mambo yakitengemaa, Mheshimiwa."

"Umelipa nini tangu hukumu itolewe?"

Kimya. Wakili wa benki hahitaji hata kusimama. Anayefuata ni mama mwenye duka la nafaka. Ana bahasha ya kaki. Ndani yake kuna taarifa ya M-Pesa ya miezi sita, daftari la mauzo lenye alama za mafuta ya taa kwenye jalada, barua ya shule kuhusu karo ya watoto wawili, na stakabadhi ya benki inayoonyesha kwamba juzi amelipa 60,000. Hasemi maneno mengi. Anaeleza kwamba mwezi wa Januari mauzo hushuka kwa sababu wateja wake wanalipa karo, kwa hiyo anaomba awamu ya Januari iwe ndogo na ya Februari iwe ya kawaida. Hakimu anaandika. Wakili wa benki anaomba awamu iongezwe kidogo, mama anakubali nusu ya nyongeza, na amri inatolewa. Aliyepewa nafasi ni yule ambaye hakimu angeweza kuiona hesabu yake.

Hesabu basi tuifanye pamoja, kwa sababu hapa ndipo waombaji wengi wanapokosea kwa nia nzuri. Tuseme mwalimu ana hukumu ya shilingi 480,000, na mahakama imeweka riba ya asilimia 12 kwa mwaka. Anaandika kwenye ombi lake kwamba ataweza 5,000 kwa mwezi. Kiasi hicho kinaonekana cha kawaida, hata cha unyenyekevu. Lakini riba ya mwaka mmoja kwa deni hilo ni 57,600, yaani 4,800 kila mwezi. Katika ile 5,000 yake, shilingi 200 tu ndizo zinazopunguza deni mwezi wa kwanza. Atalipa mwaka mzima na deni litakuwa limesogea kwa elfu chache. Hata riba ikifutwa kabisa, 480,000 kwa 5,000 ni miezi 96, ambayo ni miaka 8. Mahakama haitamlazimisha mdai angoje miaka minane, na ikilikataa ombi hilo haitakuwa imemwonea mtu.

Kuna hesabu nyingine ambayo wakili wa benki ataifanya kichwani akiwa amekaa. Kifungu cha 44 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai kinalinda theluthi mbili za mshahara wa mdaiwa. Theluthi inayobaki inaweza kukatwa moja kwa moja kwa mwajiri kwa amri ya mahakama. Ikiwa mwalimu wetu anapata 60,000, benki inaweza kuomba 20,000 kila mwezi bila kumbembeleza. Sasa yeye anatoa 5,000. Kwa nini benki ikubali? Na hakimu amwambie nini wakili huyo? Mtu mwenye mshahara anapaswa kuijua theluthi yake kabla ya kutaja kiasi chochote, na kama anaomba kulipa chini yake, aeleze kwa karatasi kwa nini. Makato mengine yaliyopo tayari kwenye mshahara, dawa za kila mwezi za mgonjwa, karo: hizo ni sababu zinazosikika zikiwa na ushahidi.

Mrudishe mwalimu huyohuyo kwa njia nyingine. Anauza kiwanja kidogo alichokuwa amekiweka, analipa 80,000 kabla ya ombi kusikilizwa, na anapendekeza 15,000 kwa mwezi. Deni sasa ni 400,000. Riba ikiendelea kwa asilimia 12 kwa salio linalopungua, atamaliza kwa takriban miezi 32. Mahakama ikikubali kusimamisha riba kwa muda wote atakaolipa bila kukosa, atamaliza kwa miezi 27. Kanuni inaruhusu awamu bila riba, kwa hiyo liombe hilo waziwazi ndani ya ombi lako. Watu wengi huomba muda, wakasahau kuomba riba isimame, halafu wanashangaa deni linavyokataa kuisha.

Na kiasi hicho cha 15,000 kipimwe na mwezi mbaya. Chukua miezi 12 iliyopita, tafuta ule ambao mapato yalikuwa duni kuliko yote, ujiulize kama ungeweza kulipa mwezi huo na watoto wakala. Sababu ya kuwa mkali hivi ni kwamba karibu kila amri ya awamu hubeba sharti: ukikosa awamu moja, salio lote linadaiwa mara moja na benki inaendelea na utekelezaji bila kurudi kwa hakimu. Anayeahidi 25,000 ili aonekane mwema, kisha akakosa mwezi wa nne, yuko pabaya kuliko aliyeahidi 14,000 na kusimama imara. Mwenye mapato ya msimu asione haya kuomba awamu zinazofuata msimu. Mkulima wa majani chai au wa miwa hana sababu ya kuahidi kiasi kilekile kila mwezi kana kwamba ana mwajiri. Anaweza kuomba kiasi kidogo cha kila mwezi na malipo makubwa wakati wa bonasi au mavuno, akiambatisha stakabadhi za misimu iliyopita.

Ombi lenyewe linaambatana na hati ya kiapo. Ndani yake eleza deni lilivyopatikana, kilichotokea hadi ukashindwa, ulicholipa hadi sasa, mapato yako yote, matumizi yako yote, madeni yako mengine, mali uliyonayo, na kiasi unachopendekeza pamoja na tarehe ya kwanza ya kulipa. Ambatisha karatasi: hati ya mshahara, taarifa za benki na za simu, barua ya kuachishwa kazi, ripoti ya hospitali, mkataba wa nyumba ya kupanga. Usifiche kitu. Benki iliyokukopesha inaijua akaunti yako, na wakili wake akitoa taarifa ya mapato uliyoyasahau, ombi lako limekufa hapo hapo pamoja na uaminifu wako.

Jambo moja la kiufundi linawaponyoka wengi: kuwasilisha ombi la awamu hakumzuii dalali. Lazima uombe pia utekelezaji wa hukumu usimamishwe mpaka ombi lisikilizwe, na kama dalali ameshakuja kuorodhesha mali, weka cheti cha dharura ili faili lifike mbele ya hakimu haraka. Kwa mali inayohamishika, kanuni za madalali zinamtaka aitangaze na akupe siku 7 za kulipa kabla ya kuichukua kwenda kuuza. Siku saba ni chache, lakini zinatosha kufika mahakamani kama ulikuwa umejiandaa. Ujue pia asichoruhusiwa kugusa. Kifungu kile cha 44 kinalinda nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya familia, na zana za kazi ambazo bila hizo huwezi kufanya ufundi wako. Cherehani ya fundi nguo ni zana. Televisheni sebuleni si zana.

Hofu kubwa kuliko zote ni kufungwa, na inatumiwa vibaya na wakusanyaji madeni kwenye simu. Kenya bado ina kifungo cha madeni. Mahakama inaweza kumfunga mdaiwa kwa muda usiozidi miezi 6, anayedai ndiye anayelipia chakula chake akiwa ndani, na deni halifutiki kwa kutoka. Lakini hakuna anayefungwa kwa sababu tu hana. Mwaka 2010 Jaji Martha Koome, ambaye sasa ni Jaji Mkuu, aliamua katika Mahakama Kuu kwamba kumfunga mtu kwa kushindwa kulipa deni la mkataba kunapingana na Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ambao Kenya imeuridhia. Mwaka 2012 Jaji David Majanja hakufika mbali hivyo: alisema kifungo chenyewe hakivunji Katiba, ila ni hatua ya kutumiwa kwa uangalifu mkubwa, kwa mtu mwenye uwezo anayekataa kulipa, na baada ya kupewa nafasi ya kujieleza. Kwa vitendo, anayeitwa kueleza kwa nini asifungwe na akafika na mpango wa awamu na stakabadhi, mara nyingi huondoka na amri ya awamu. Asiyefika ndiye anayetolewa hati ya kukamatwa. Kwa hiyo siku hiyo, hata kama huna wakili, hata kama huna nauli ya kutosha, nenda.

Yote niliyosema hadi hapa yanahusu deni ambalo benki imelifikisha mahakamani. Aliyeweka hati ya shamba au nyumba rehani yuko kwenye njia tofauti kabisa, na kuchanganya njia hizi mbili kumewapotezea watu mashamba. Benki yenye rehani haihitaji kukushtaki. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaipa uwezo wa kuuza yenyewe, mradi ifuate hatua: notisi inayokueleza kosa na kukupa miezi mitatu kulirekebisha, kisha notisi ya siku 40 ya nia ya kuuza, kisha notisi ya siku 45 kutoka kwa dalali. Ukingoja wito wa mahakama, hautafika. Ni wewe unayepaswa kwenda mahakamani, nayo ina uwezo chini ya sheria hiyohiyo wa kuahirisha uuzaji au kukupa muda zaidi wa kulipa. Kubishana juu ya kiasi cha deni pekee kwa kawaida hakusimamishi mnada. Notisi ambayo haikufika inausimamisha. Mke au mume ambaye hakuridhia nyumba ya ndoa kuwekwa rehani ana nguvu kubwa mbele ya jaji. Na sheria inailazimu benki kutafuta bei nzuri kadiri inavyowezekana: ikiuza kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa robo au zaidi, inachukuliwa imekiuka wajibu huo mpaka ithibitishe vinginevyo. Miezi mitatu ya notisi ya kwanza ndiyo yenye thamani kuliko yote. Itumie kuiandikia benki pendekezo la kupanga mkopo upya, au kumtafuta mnunuzi wako mwenyewe, kwani shamba unaloliuza wewe kwa ridhaa ya benki huleta bei nzuri kuliko la mnada.

Hata kwenye deni lisilo na rehani, makubaliano na benki ni bora kuliko kupigania amri. Mwandikie wakili wa benki kabla ya kuwasilisha ombi, umpe mapendekezo yaleyale ambayo ungempa hakimu. Mkielewana, makubaliano yanaandikwa, yanatiwa saini na kuwasilishwa mahakamani yawe amri. Msipoelewana, uliza kama kesi inaweza kupelekwa kwa mpatanishi wa mahakama, mpango ulioanza katika mahakama za Milimani jijini Nairobi mwaka 2016 na sasa umeenea katika mahakama nyingi. Kwenye makubaliano hayo pigania mambo ambayo watu huyaruka wakikimbilia kusaini. Omba kwamba benki iruhusiwe kudai salio lote ukikosa awamu mbili mfululizo, si moja. Omba siku saba za nafasi baada ya tarehe ya malipo. Weka tarehe inayofuata siku ya mshahara, si inayoutangulia. Gharama za wakili wa benki zitajwe kwa kiasi, zisiachwe wazi. Na jina la mdhamini wako liingizwe, iandikwe kwamba hatafuatwa wewe ukiwa unalipa. Shemeji au rafiki aliyekudhamini anaweza kushtakiwa hata wewe ukiwa na mpango mzuri, na uhusiano ukivunjika hapo haurudi kwa stakabadhi.

Kuna watu wawili wa kuwaepuka. Wa kwanza ni yule anayezunguka nje ya mahakama akisema anamjua karani, atazungumza na hakimu, mpe elfu tano. Ada ya ombi hulipwa kwa Mahakama na hutolewa stakabadhi. Kingine chochote ni wizi. Kama huna uwezo wa wakili, Kituo Cha Sheria kimekuwa kikiwasaidia maskini tangu miaka ya 1970, na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016 ilianzisha huduma ya taifa ya msaada huo. Wa pili ni mkopeshaji wa simu. Kukopa kwenye programu ya simu ili kulipa awamu ya mahakama ni kulihamisha deni kutoka mahali ambapo riba inaweza kusimamishwa hadi mahali ambapo riba ya mwezi mmoja inaweza kuzidi ile ya mwaka mzima mahakamani. Kama awamu haiwezekani mwezi huu, rudi mahakamani.

Na kurudi kunaruhusiwa. Kazi ikipotea au ukilazwa hospitali, omba amri ibadilishwe, ila omba kabla ya tarehe ya awamu utakayoikosa. Lipa unachoweza mwezi huo hata kama ni nusu, umwandikie wakili wa benki siku hiyohiyo, na uweke nakala. Kila malipo yapitie benki au namba ya malipo inayotajwa kwenye amri, kamwe usimkabidhi mtu pesa taslimu mkononi, hata awe ofisa unayemfahamu. Agizo la 22, kanuni ya 2, linamtaka aliyelipwa nje ya mahakama aiarifu mahakama, na linakuruhusu wewe pia uombe malipo hayo yaandikwe. Fanya hivyo kila baada ya miezi michache, kwa sababu hukumu ina uhai wa miaka 12 na wafanyakazi wa benki huhama.

Kwa aliye na madeni kwa benki, Sacco na wakopeshaji wengine watano kwa pamoja, awamu kwa mdai mmoja haitamwokoa, kwani wengine wataendelea kumvuta. Huyo aitazame Sheria ya Ufilisi ya 2015. Ina utaratibu wa kulipa wadai wote kwa awamu chini ya usimamizi mmoja, na kwa asiye na mali kabisa mwenye madeni kati ya shilingi 100,000 na milioni 4, ina njia ya kuondolewa madeni ambayo haihitaji kutangazwa mufilisi. Ofisi ya Mpokezi Rasmi ndiyo ya kuanzia, na hapo wakili ni wa lazima kwa maoni yangu.

Awamu ya mwisho ikishalipwa, usiondoke na stakabadhi pekee. Dai barua ya benki inayosema deni la kesi hiyo limekwisha, namba ya kesi ikiwa imetajwa. Wasilisha nakala mahakamani ili faili lifungwe, na uulizie hati yoyote ya kukamatwa au ya dalali iliyowahi kutolewa, ifutwe. Iandikie benki irekebishe taarifa zako kwenye CRB, yaani taasisi inayotunza rekodi za wakopaji, kisha baada ya mwezi mmoja uombe ripoti yako ujionee. Kama ulikuwa umeacha hati ya shamba au kitabu cha gari kama dhamana, rehani ifutwe kwenye masjala ya ardhi au jina la benki liondolewe kwenye umiliki wa gari, kwa sababu benki kukurudishia karatasi peke yake hakubadilishi kilichoandikwa kwenye rejista.